Jahazi la Ikka

Mwishoni mwa 2015 nilikuwa nafanya kazi bohari huko Muscat. Mwenzangu wa zamu alikuwa mtu mzima wa Malappuram, jimbo la Kerala, India, nasi sote tukimwita Ikka, maana ndivyo Waislamu wa kwao wanavyomwita kaka mkubwa. Alhamisi moja akaniambia kwa Kiarabu chetu cha bohari, "Ndugu yangu, kesho twende sinema. Hii ni habari yetu." Filamu yenyewe ikiitwa Pathemari. Nilipomuuliza maana yake, alichora kwa kidole kwenye vumbi la katoni: omo, mlingoti, tanga. Jahazi.

Ukumbi wa Ruwi, mtaa wa Muscat, ulijaa wanaume tu. Nilifuata kwa maandishi ya Kiarabu yaliyopita chini. Mwigizaji Mammootty ni Narayanan, kijana wa miaka ya 1960 anayezamia Uarabuni kwa jahazi. Usawa wa Khor Fakkan, pwani ambayo leo ni ya Imarati, wanaambiwa waruke, waogelee mpaka pwani. Mimi mtoto wa Unguja, jahazi nimelizoea tangu utotoni, lakini pale nilibana pumzi.

Ikka akaninong'oneza kwamba tukio kama hilo waliwahi kulicheka. Katika Nadodikkattu, filamu ya vichekesho ya 1987, Dasan na Vijayan, vijana wasio na kazi, wanatapeliwa kuwa wanapelekwa Dubai. Wanaogelea, wanavaa kanzu za Kiarabu, kumbe wako Madras, India hiyo hiyo. Maneno ya filamu ile watu wa Kerala huyatumia hadi leo katika mazungumzo ya kawaida. Yeye alikuwa kijana wakati huo, na kwao waliocheka ndio hao hao waliokuwa wakisubiri viza.

Narayanan lakini anafika kweli, na hapo ndipo penye uchungu. Kila akirudi likizo, mahitaji ya nyumbani yanamrudisha ng'ambo, miaka inakwenda, mpaka anafia huko huko. Ukumbini nilisikia watu wazima wakivuta kamasi gizani. Ikka alijifunika uso kwa leso mpaka taa zikawashwa.

Nje tulinunua chai ya maziwa. Hakuinywa. Alimpigia mkewe, akazungumza Kimalayalam kwa sauti ya chini, muda mrefu, vikombe vyetu vikipoa juu ya ukuta. Alipokata simu alinitazama.

"Nimemwambia tunalala wanane chumba kimoja. Miaka 22, leo ndiyo mara ya kwanza."

Sikulala vizuri usiku ule. Mama yangu alijua nafanya kazi ofisini, nina chumba changu; nilimwambia hivyo mwenyewe ili asihuzunike. Asubuhi nilimpigia, nikamwamkia, kisha nikamweleza yote: makatoni, joto, vitanda vya ghorofa.

Alinyamaza kidogo. Nikasikia jogoo akiwika uani kwetu.

"Mwanangu," akauliza, "wewe unalala cha juu au cha chini?"