Mabuyu sita kwenye trei ya mayai

Saa kumi na mbili kasoro robo alfajiri, feri ya Likoni imeshajaa. Mkobani nina trei za mayai nilizozikata matundu sita sita, na kilo ya mabuyu. Jamaa mmoja aniuliza, "Dada, waenda kuuza wapi?" Namwambia naenda kusomesha alfabeti. Anitazama tu.

Saa mbili, shule ya msingi, darasa la nne. Maalim, mwenzangu asiyeona, ashafika na fimbo yake nyeupe. Mwalimu wa zamu aniuliza mimi: "Huyu atakunywa chai?" Maalim amjibu mwenyewe: "Nitakunywa, mwalimu, na mahamri sikatai."

Saa tatu, breli, maandishi ya nukta sita yanayosomwa kwa vidole. Maalim asimulia habari za Louis Braille, mtoto wa Ufaransa aliyejidunga jicho kwa msharasi wa babake akiwa na miaka 3, uchafu ukaenea hadi jicho la pili. Mwaka 1824, akiwa na miaka 15 tu, alikuwa keshabuni nukta zake. Sasa kila mtoto aandika kwa mabuyu: A ni moja, juu kushoto, L ni matatu, safu nzima ya kushoto. Tunaandika ALI. Kidogo tu, buyu la chini la L lishaliwa, yamebaki mawili, nayo ni B, na Ali amekuwa ABI. Maalim apapasa trei, acheka mpaka akohoa.

Zamani nilikuwa nikiwafunga watoto vitambaa machoni, wajionee upofu ulivyo. Nimeacha. Dakika tano za giza zilikuwa zikiwatia woga tu, wakitoka wanamhurumia mtu ambaye kavuka barabara peke yake asubuhi hiyo hiyo.

Saa tano aingia dada fundi cherehani, kiziwi. Watoto wampigia kelele, kama kawaida. Nawaeleza kwamba Lugha ya Ishara ya Kenya ina sarufi yake, na Katiba ya 2010 yaitaja katika ibara ya 7, hilo haliwashughulishi. Msichana mmoja auliza, "Mkigombana na mumeo, mwagombana vipi?" Natafsiri. Fundi ajibu kwa mikono: "Nikichoka, nazima taa."

Saa sita na nusu, swali nililokuwa nikilingoja: na asiyeona wala kusikia? Nawapeleka mferejini. Nawaambia kuhusu Helen Keller, aliyeugua akiwa na miezi 19 akawa haoni wala hasikii, na mwalimu wake aliyemwandikia neno "maji" kiganjani, herufi kwa herufi, huku maji yakimwagikia mkono wa pili. Ilikuwa 1887. Fundi awaonyesha herufi nne za vidole, nao wawili wawili wafumba macho (najua nilivyosema juu ya vitambaa): M, A, J, I. Kengele yalia. Wasichana wawili hawaondoki, waandikiana viganjani na kucheka. Nawauliza waandika nini. Siri, wasema.

Saa nane, langoni. Dereva wa tuktuk anigeukia: "Huyu mzee ashukia wapi?"

Nanyamaza.

"Kongowea, kijana," asema Maalim. "Na nauli ni ile ile ya wanaoona."