Bibi aliona ndoo haina maji

Huu ni mwezi wa tatu tangu nirudi Tanga, baada ya miaka 9 Vancouver, Kanada. Kila anayekuja kunisalimu ananiuliza filamu ipi ni yangu, na napata tabu kujibu, kwa sababu kazi yangu ilikuwa kufuta. Mwigizaji anaruka kutoka ghorofani akiwa amening'inizwa kwa waya. Mimi ndiye niliyekuwa nautoa ule waya, fremu moja baada ya nyingine, yaani picha moja moja, na sekunde moja ya filamu ina fremu 24. Ukiifanya vizuri, hakuna anayejua kuna mtu alipita pale. Filamu moja niliihangaikia miezi saba. Ilipotoka nikakaa ukumbini mpaka jina la mwisho likapita. Langu halikuwemo. Iliniuma, na mpaka leo inaniuma.

Mji wenyewe siusemi vibaya. Kazi zimejaa kule kwa kuwa jimbo linazipa kampuni nafuu ya kodi, ila mkataba ni wa filamu, ikiisha unaanza kutafuta upya.

Nilichorudi kukifanya ni katuni za watu wanaotembea kama watu wa kwetu. Ubongo Kids, katuni za kuelimisha watoto, ilianza 2014 pale Dar es Salaam, kwa Kiswahili, kwa hiyo najua inawezekana. Natumia Blender, programu ya bure ya kutengenezea katuni kwenye kompyuta. Umeme nao nimeuzoea upya: narenda, yaani naiachia kompyuta itoe picha kamili, picha moja moja badala ya video nzima, ukikatika usiku, asubuhi naendelea pale ulipoishia.

Wiki iliyopita nilimwonyesha Bibi kipande cha kwanza, mama anatoka kisimani na ndoo kichwani. Sekunde nane, na nilizipenda. Akasogeza uso karibu na kioo cha kompyuta, akataka nirudie, nikarudia.

"Mume wangu, ndoo hiyo ina maji kweli?"

Nikamwambia imejaa, Bibi.

"Haina. Huyu anatembea na ndoo tupu."

Akainuka, akasokota khanga yake ikawa ngata, akaiweka kichwani, juu yake akatua sufuria ya maji. Akavuka ukumbi taratibu mpaka mlangoni, mikono ameiachia. Nilikuwa nimekaa chini nikimtazama kwa jicho la kazi. Bega halikupanda. Macho yalitazama mbele, wala hakuangalia anapokanyaga. Unyayo ulikuwa ukipapasa sakafu kwanza ndipo uzito ukafuata.

"Ukishajitwisha, shingo inakaza," akasema akiwa amenipa mgongo. "Kinachotembea ni kiuno."

Mama yangu wa kwenye kioo alikuwa akitikisa kichwa kila hatua, kama mtu anayekwenda harusini. Miaka yote ile nilifundishwa hatua moja ni fremu 12. Hatua ya kwanza ya Bibi, ile ya kuondoka na mzigo, niliirekodi kwa simu nikaihesabu: 19.

Jana usiku nimefuta zile sekunde nane zote. Nimeanza upya na shingo.