Jinsi nilivyolegezewa zuio la muda kwenye kiwanja cha Goba

Jirani tunayegombania naye mpaka alipewa zuio la muda, yaani amri ya kunisimamisha wakati kesi ikiendelea, akisikilizwa peke yake, na nyumba yangu ikasimama bila paa huku masika yakikaribia. Sikukata rufaa. Nilirudi kwenye Baraza la Ardhi na Nyumba lilelile na maombi yenye kiapo, chini ya Amri ya XXXVII, kanuni ya 5 ya Sheria ya Mwenendo wa Madai: asiyeridhika anaweza kuomba zuio lifutwe au libadilishwe. Wengi hawaijui njia hii, inasikitisha.

Nguvu niliiweka kwenye kigezo cha tatu cha kutoa zuio kutoka kesi ya Atilio dhidi ya Mbowe, 1969: nani ataumia zaidi. Picha za kuta zilizoanza kulowa na risiti za mabati zilisaidia sana. Amri ikabadilishwa: niezeke, ila nisiuze. Kesi ya mpaka inaendelea.