Ngitili Hufunguliwa Lini?

Nilikua nikiamini kwamba ngitili ni mahali ambapo ng'ombe hawaingii. Ndivyo mtoto aliyelelewa katika kaya ya Kisukuma anavyofundishwa tangu anapokabidhiwa fimbo ya kuchunga ndama, na fundisho hilo husindikizwa na viboko pale ndama anapoonekana upande usiotakiwa wa uzio. Ilinichukua miaka mingi, na moto mmoja, kuelewa kwamba nilikuwa nimefundishwa nusu ya jambo lenyewe.

Kwa msomaji asiyetoka kwetu nieleze kwanza. Ngitili ni kipande cha malisho kinachofungwa mvua zinapoanza, kwa kawaida Novemba au Desemba, ili nyasi zikue, zitoe mbegu na kukauka zikiwa zimesimama. Baada ya mavuno mifugo hula mabua mashambani, na mabua yakishaisha, kiangazi kikiwa kimekaza, ngitili hufunguliwa sehemu kwa sehemu. Hapo haliingii kundi zima. Huanza ndama, ng'ombe wazee, wanaonyonyesha, na maksai ambao wasipopata nguvu kabla ya mvua hawataweza kuvuta plau katika udongo mweusi wa mbuga. Kuna ngitili za kaya, kama yetu iliyopo Kishapu, yenye ukubwa wa hekta 10 hivi, na kuna ngitili za kijiji ambazo hufunguliwa kwa uamuzi wa wote.

Mwaka yetu ilipoungua, ilikuwa imefungwa kwa misimu miwili mfululizo. Baba alikuwa ametoka kwenye mafunzo fulani ambako alielezwa kwamba kadiri malisho yanavyokaa bila kuguswa ndivyo uoto wa asili unavyorudi, naye ni mtu ambaye akikubali jambo hulitekeleza kwa ukamilifu. Uzio wa minyaa ulizibwa mapengo yote, mlango ukafungwa kwa miiba, na hata majirani waliokuwa wakikata nyasi za kuezekea wakaombwa wasubiri. Kufikia Septemba ya mwaka wa pili nyasi zilinifika kiunoni, na chini yake kulikuwa na nyasi za mwaka uliotangulia zilizolala na kugeuka kijivu, tabaka juu ya tabaka. Wageni walipokuja walisifu. Nami nilisifu, na nilipiga picha.

Moto ulitoka mashariki, kwenye shamba la mtama ambalo mwenyewe alikuwa akichoma mabaki ya mavuno, saa sita mchana, upepo wa kusi ukivuma. Sitamlaumu sana, kwa kuwa kila mtu hapa amewahi kufanya hivyo. Kufikia saa nane tulikuwa tumebaki na majivu. Migunga michanga iliyokuwa imeanza kupita kimo cha mtu iliungua hadi kileleni, na ile mikubwa ilibabuka magome upande mmoja. Minyaa ilikuwa imefanya kazi yake barabara, maana kwa miaka miwili hakuna ng'ombe wa jirani aliyewahi kupita. Yenyewe haikuungua sana kwa sababu imejaa utomvu, ila cheche ziliruka juu yake kama vile haikuwepo.

Kitu kilichonifanya nianze kufikiri upya kilikuwa kwenye kona ya kusini-magharibi, karibu na lambo. Hapo ndipo ng'ombe wetu hupita kila siku kwenda kunywa, na kwa hiyo nyasi zilikuwa fupi, zimekanyagwa, nyingine zimebaki visiki vya urefu wa kidole. Moto ulipofika pale ulishuka hadi usawa wa kisigino, ukasambaa kama maji yaliyomwagwa sakafuni, kisha ukazimika bila mtu yeyote kuugusa. Sehemu iliyokuwa ikionekana chakavu kuliko zote ndiyo iliyobaki na miti yake.

Sababu si ngumu. Moto wa mbugani hauli miti kwanza, bali hula nyasi kavu nyembamba, na urefu wa miali yake hutegemea wingi wa nyasi hizo, ukavu wake na upepo. Ukavu na upepo viko nje ya uwezo wetu. Wingi wa nyasi uko mikononi mwa anayemiliki ng'ombe. Nyasi za msimu mmoja zikiungua, mgunga wenye gome nene huvumilia, lakini zikirundikana za misimu miwili au mitatu, joto hupanda hadi kwenye matawi na kukaa chini ya shina muda mrefu wa kutosha kuua.

Jambo hili lilijulikana Shinyanga zamani sana, ingawa lilitumiwa kwa lengo lililo kinyume kabisa na letu. Katika miaka ya 1920 C.F.M. Swynnerton, aliyekuja kuwa mkurugenzi wa utafiti wa mbung'o wa Tanganyika, alitaka kuangamiza vichaka vilivyowahifadhi mbung'o. Aliona kwamba wenyeji walikuwa wakichoma mapema, nyasi zikiwa bado na ubichi, kila mtu kipande chake, na moto wa namna hiyo hauui kichaka. Basi akaandaa utaratibu wa kuzuia uchomaji wa mapema, nyasi zikaachwa zirundikane na kukauka kabisa, ndipo moto ukawashwa kwa pamoja mwishoni mwa kiangazi. Nilipoisoma habari hiyo nilicheka peke yangu, kwa kuwa baba na mimi tulikuwa tumefuata maelekezo ya kuangamiza kichaka tukidhani tunakihifadhi. Tulichokosa ni kiberiti tu, na jirani akatuletea.

Mfano mkubwa kuliko wote, hata hivyo, uko kaskazini-mashariki mwetu, Serengeti. Ugonjwa wa sotoka uliingia Afrika Mashariki miaka ya 1890 ukafyeka ng'ombe na nyumbu kwa pamoja, na kwa miongo mingi uliendelea kuua ndama wa nyumbu. Ng'ombe waliozunguka hifadhi walipochanjwa, ugonjwa ukatoweka kwa nyumbu pia, na idadi yao ikapanda kutoka kama 250,000 mwanzoni mwa miaka ya 1960 hadi takribani 1,300,000 mwishoni mwa miaka ya 1970. Midomo hiyo yote ilikula nyasi ambazo zamani zilikuwa zikisubiri moto. Eneo lililoungua kila mwaka likapungua sana, na miti ikaanza kuongezeka. Hakuna aliyejenga uzio wala kuchimba njia ya kuzuia moto, bali chanjo ya ng'ombe ndiyo iliyopunguza moto wa nyika.

Sisemi kwamba tufungue ngitili wakati wowote. Ng'ombe akiingia Januari hula jani lililotoka kuchipua jana, kisha hurudi kulila tena likichipua, mpaka mizizi inakosa akiba na nyasi za kudumu zinakufa, zikiacha magugu ya msimu mmoja na udongo mtupu. Juu ya hayo, udongo wa mbuga ukiwa umelowa hukanyagwa ukashikamana kama matofali. Kufunga wakati wa mvua ni lazima, na mababu hawakukosea. Lakini nyasi ikishatoa mbegu na kukauka, akiba yake imeshuka chini, na ng'ombe anachokula juu ni sehemu ambayo nyasi yenyewe haiihitaji tena. Kinachobaki ni kuacha ya kutosha kufunika udongo hadi mvua irudi. Sisi tunalenga kula nusu na kuacha nusu, kwa makadirio ya macho, na mara nyingi macho ya mchungaji huona nusu kubwa kuliko ilivyo.

Naamini kosa la baba lilitokana na namna tulivyozoea kuhesabu mafanikio. Mwaka 1986 serikali ilipoanzisha mradi wa Hifadhi Ardhi Shinyanga, unaojulikana zaidi kama HASHI, mkoa ulikuwa umebaki na vipara vya ardhi, kwa sababu ya ufyekaji wa kupambana na mbung'o, mashamba ya pamba, mifugo mingi, na Operesheni Vijiji ya miaka ya 1970 iliyowahamisha watu mbali na ngitili zao. Ngitili zilizokuwa zimesalia zilihesabiwa kuwa hekta 600 hivi. Mwanzoni mwa miaka ya 2000 zilikuwa zimepita hekta 300,000, katika mkoa ambao wakati huo ulijumuisha pia sehemu kubwa ya Simiyu ya leo. Ni kazi ambayo yeyote aliyeuona mkoa huu kabla na baadaye hawezi kuibeza, na siri yake ilikuwa kwamba mradi haukuleta kitu kigeni bali ulirudisha desturi iliyokuwepo. Lakini hekta zilizofungwa huhesabika kwa urahisi, na wakati wa kuzifungua hauingii kwenye jedwali. Hivyo vijana wa rika langu tulirithi kufunga, na kufungua tukakuacha kwa wazee.

Baada ya moto ule, ndugu yangu mmoja alipendekeza tuweke seng'enge. Tukapiga hesabu. Hekta 10 za mraba zina mzingo wa karibu mita 1,265, na nguzo zikiwekwa kila baada ya mita 3 zinahitajika zaidi ya 420. Nguzo hizo zitatoka wapi, kama si kwenye migunga ileile tunayoitunza? Na mchwa wa kwetu hawachelewi, kwa hiyo baada ya miaka michache tungezikata nyingine. Minyaa hupandwa kwa kuchomeka kijiti ardhini kabla ya mvua, mbuzi hawaigusi kwa sababu ya utomvu wake mkali, na anayeikata bila uangalifu atalia macho siku nzima. Tulibaki nayo.

Kuna sababu nyingine ya kuiogopa seng'enge, ingawa kwetu haina uzito kama ilivyo kwa wenzetu wanaopakana na wanyamapori. Kandokando ya Maasai Mara, upande wa Kenya, ranchi za vikundi zilipogawanywa kwa hati za watu binafsi, kila mwenye kipande alitaka nyasi zake zibaki zake, na nyaya zikaongezeka kwa kasi katika njia ambazo nyumbu na pundamilia walizipita tangu zamani. Matokeo yake si mnyama kunaswa tu. Mifugo na wanyama waliokuwa wakizunguka kuifuata mvua hubanwa mahali pamoja, pakaliwa hadi udongo, ilhali upande wa pili wa waya nyasi zinasimama zikikauka, jangwa na kuni zikitenganishwa na waya mmoja.

Hesabu iliyotusaidia zaidi ilikuwa nyingine. Ukanda wa upana wa mita 20 kuzunguka hekta 10 una hekta 2.4, yaani karibu robo ya ngitili. Kuufyeka kwa majembe ni kazi ya kuvunja mgongo, na kuulima ni kukaribisha mmomonyoko. Ng'ombe mmoja wa kienyeji wa kilo 250 hivi hula takribani kilo 6 za nyasi kavu kwa siku. Tukichukulia kwamba hekta moja ina tani 2 na tunakula nusu, ukanda wote unatosha ng'ombe 20 kwa siku 20. Kwa hiyo badala ya kusubiri Agosti, tunafungua ukanda huo mwezi wa Juni, mabua yakiwa bado yapo mashambani, huku ng'ombe wakilala hapohapo kwenye zizi la miiba linalohamishwa kila baada ya siku chache. Palipolala zizi hapabaki kitu cha kuungua. Hekta zinazobaki katikati husubiri zamu yake hadi kiangazi kikali, kama desturi inavyotaka.

Baba alipinga mwanzoni, na hoja yake ilikuwa nzito. Alisema mlango ukionekana wazi Juni, jirani ambaye mabua yake yamekwisha ataona ni ruhusa, na ng'ombe 20 watakuwa 60. Alikuwa sahihi, kwa sababu minyaa huzuia ng'ombe asiyechungwa, si mchungaji aliyeamua kuingia. Anayezuia mchungaji ni dagashida, mkutano ambao kila kaya huketi, na mchenya, faini ambayo aliyekosa huitoa mbele ya wenzake, na sungusungu wanaohakikisha imetolewa. Basi ilitubidi tupeleke jambo letu huko, na tulirudishwa mara mbili. Mara ya kwanza wazee walitaka kujua kwa nini kaya moja ibadilishe kalenda. Mara ya pili mwenye shamba la mtama, yule yule, alisimama akaeleza kwamba yeye huchoma mabaki kwa kuwa hana ng'ombe wa kutosha kuyala, na kwamba akipewa njia ya kuyamaliza hatakuwa na haja ya kiberiti.

Msimu huu ukanda wa mashariki, unaotazama upepo, ndio uliofunguliwa kwanza. Ng'ombe wetu huanza asubuhi kwenye mtama wake na kumalizia jioni ndani ya ngitili, na ng'ombe wake wanne wamechanganyika humo kwa siku zilizokubaliwa na kuhesabiwa. Baba ameridhia yote hayo kwa sharti moja, kwamba maksai wake watangulie kila asubuhi, na kila asubuhi huja mwenyewe mlangoni kuhakikisha.