Kucheza na Kuandika

Leo tumeshuti Kigamboni mpaka giza likaingia, na usiku huu niko mezani na muswada wa kipindi cha wiki ijayo cha tamthilia yetu. Watu hawachoki kuniuliza kazi yangu hasa ni ipi, kuigiza au kuandika, kana kwamba moja ni ndoa na nyingine mchepuko.

Mimi nilianza enzi za DVD za Kariakoo, filamu moja inauzwa sehemu ya kwanza na ya pili, kava limejaa sura za mastaa. Muswada tulikuwa tunausikia tu. Dairekta anakwambia, "Mumeo karudi alfajiri, gombaneni," basi, kamera inawashwa. Maneno unayatoa kichwani, mwenzako anadaka, sini inaisha. Yaani waigizaji ndio tuliokuwa tunaandika, kwa midomo, halafu kwenye kava mtunzi ni mtu mwingine kabisa. Sisi tulilipwa ya kucheza. Tena kwa mafungu.

Tamthilia za televisheni ndizo zilizobadilisha mambo. Ving'amuzi kama Azam na DStv vinataka vipindi vifululize, na huwezi kuendesha hadithi ya miezi kwa maneno ya papo kwa papo. Mtu atafufuka kipindi cha thelathini bila mwenyewe kujua kama alishazikwa. Hapo nami nikashika kalamu.

Pia niliisoma Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya 1999, jambo ambalo waigizaji wengi hatulifanyi. Mtunzi ana hakimiliki, inadumu uhai wake wote na miaka 50 baada ya kifo. Mwigizaji yuko kwenye hakishiriki, yaani haki za anayeicheza kazi, si aliyeitunga. Inapendeza kwenye karatasi, lakini prodyuza akikupa pesa ya mkupuo ukasaini kuuza haki zote, hiyo miaka 50 ni yake. Siku hizi vipindi ninavyoagizwa kuandika nauza hivyohivyo, kodi ya nyumba haisubiri. Hadithi niliyoitunga mwenyewe, hapana. Tutazungumza kwanza.

Kuhusu ufundi, leo nimepata somo la bure. Nilimwandikia mama mkwe mistari sita ya kumsuta mkwewe, nikaona nimemaliza kila kitu. Mama anayecheza nafasi hiyo aliisoma, akakunja karatasi, akaweka chini kikombe cha chai ambacho hajakinywa, akasema, "Haya, mwanangu. Asante." Binti aliyekuwa anasutwa akatokwa na machozi ya kweli. Mistari yangu sita hakuna aliyeiulizia, na mimi mwigizaji nilifurahi kuliko mimi mwandishi.

Kwa hiyo usiku huu nakata. Mama mkwe nimempunguzia maneno, mjomba pia. Sini ya 14 ni yangu mwenyewe, na ndiyo ndefu kuliko zote. Nikiiacha ilivyo, kesho wenzangu watasema najipendelea, na sitakuwa na la kujibu.