Sketi ya kitanda cha Mama: kitanda hakinyanyuki, na godoro siligusi

Jumamosi ya kwanza

Kitanda cha Mama ni cha mkongo, futi 6 kwa 6. Marehemu baba alikiagiza kwa seremala hapahapa Tanga kabla mimi sijazaliwa. Matendegu ni mazito, mifumbati imechongwa maua, na mchagoni kuna ubao mrefu wa nakshi. Mama alipohamia kwangu Ngamiani kiliingia chumbani vipande vipande, na tangu kilipounganishwa hakijasogea hata shubiri. Mkongo mkavu hufikia kilo 700 na zaidi kwa mita moja ya ujazo, kwa hiyo mtu mmoja hata asijaribu kukinyanyua.

Uvunguni kuna kasha la kanga zake, masanduku mawili na mikeka iliyokunjwa. Wageni wakija kumjulia hali, macho yao yanaangukia huko. Mama aliniambia, "Mwanangu, nitilie pazia la uvungu, nisitiri vitu vyangu." Nikamwitikia.

Nilianza kwa sketi ya kitanda ya mtumba, yaani pazia la kuficha uvungu. Ilikuwa nzuri, nyeupe, yenye marinda, nikaamini kazi imekwisha kabla haijaanza. Aina hii ina shuka katikati linalolala chini ya godoro, na marinda yameshonewa pembeni. Basi ikabidi godoro linyanyuliwe. Mimi na mpwa wangu tulihangaika nusu saa, huku Mama amekaa kwenye kiti cha plastiki akitutazama kwa wasiwasi.

Haikukaa. Lebo ilisema inchi 60 kwa 80, yaani sm 152 kwa 203, kipimo cha Marekani. Kwetu ilipwaya kwa urefu na kupungua upana. Pembe zake hazina mpasuko, kwa hiyo zilijikunyata kwenye matendegu. Tena zile zimeshonwa kwa vitanda vyenye boksi chini ya godoro, na shuka la katikati hulala juu ya boksi hilo. Hapa kwetu chini ya godoro ni chaga tupu, na shuka likabonyea kati ya chaga na chaga.

Jumapili

Usiku ndio nilielewa kosa kubwa zaidi. Mama hulala ndani ya chandarua, na chandarua huchomekwa chini ya godoro kila jioni. Kila nilipochomeka, mkono ulivuta shuka la sketi. Asubuhi upande mmoja ulikuwa umeshuka hadi sakafuni na mwingine umepanda. Kwa nyumba ya pwani hili linatosha kuikataa sketi ya aina hiyo. Chandarua lazima kichomekwe, na mama wa miaka 78 mwenye maumivu ya nyonga hawezi kuamshwa kila siku ili godoro linyanyuliwe.

Nimeamua sketi ining'inie kwenye mbao za kitanda, isikutane na godoro hata kidogo.

Jumatano

Nimelala chali uvunguni na futi ya fundi cherehani. Mfumbati, kutoka tendegu hadi tendegu, ni sm 190. Kitakizo cha miguuni ni sm 182. Ukingo wa chini wa ubao uko sm 41 kutoka sakafuni. Upande wa pili umegusana na ukuta na mchagoni vilevile, kwa hiyo pande za kuvisha ni mbili tu. Upande wa ukutani nauacha wazi kwa makusudi. Unyevu wa Tanga ukifungiwa, godoro huota ukungu kwa chini, na nataka hewa ipite.

Nilifikiria ule utepe wa kunatana wa viatu vya watoto, upande mmoja ugundishwe kwenye mbao. Nikaacha. Gundi kwenye mbao iliyopigwa vanishi, kwa joto hili, sina imani nayo, na ikibanduka inaondoka na vanishi. Pini za kubonyeza nazo haziingii kwenye mkongo.

Jibu lilikuwa dirishani muda wote: waya wa pazia, ule wa springi uliovishwa plastiki nyeupe. Nitaufunga upande wa ndani wa mfumbati, sm 3 juu ya ukingo wa chini, ili nakshi za baba zibaki zikionekana na pazia litokee chini yake.

Alhamisi

Kitambaa alichagua Mama mwenyewe: marekani. Anasema kinavumilia maji ya moto na jua la kamba. Jina hilo limetokana na pamba iliyofumwa Massachusetts na kuletwa Unguja na merikebu za Salem karne ya 19, na mpaka leo pwani hii ukitaja marekani dukani muuza hakuulizi mara mbili. Niliyopata ina upana wa sm 150. Nimechukua mita tatu na nusu.

Nimekiloweka usiku kucha kabla ya mkasi kukigusa. Kilipokauka kilikuwa mita 3 na sm 38, na upana umebaki sm 146. Ningekata kikiwa kibichi, sketi ingepanda baada ya kufuliwa mara ya kwanza.

Jumamosi ya pili

Hesabu: waya uko sm 44 juu ya sakafu. Nataka pindo liishie sm 2 kabla ya sakafu, hivyo sketi iliyokamilika ni sm 42. Ongeza sm 5 za pindo la juu lenye njia ya waya, na sm 5 za pindo la chini. Kila kipande nimekata sm 52. Vipande ni sita, vitatu vya ubavuni na vitatu vya miguuni, na upana wake ni zaidi ya mara mbili ya urefu wa ubao. Chini ya hapo marinda hayajai, yanaonekana kama shuka lililotundikwa.

Ubavuni nimegawa mapazia mawili yanayokutana katikati, ili Mama afungue kama dirisha na kuvuta kasha lake. Kushona kulikuwa kwepesi, mshono ulionyooka tu.

Shida ilikuwa mbao. Skrubu ya kwanza ya pete ilikatika shingo nikiwa nimeizungusha nusu, na kipande kimebaki ndani hadi sasa. Iliyofuata nilitoboa kwanza kwa drili, tundu jembamba kuliko skrubu, kisha nikaisugua kwenye kipande cha sabuni ya mche. Iliingia taratibu bila kelele. Zote nne nimefunga hivyo, na badala ya ile iliyokatika nimetoboa tundu jipya kando kidogo.

Waya wa ubavuni niliukata sm 188 nikaona inatosha. Ulipobeba kitambaa ukalegea katikati na pindo likagusa sakafu. Nimeukata tena hadi sm 178, nikauvuta kwa nguvu mpaka kulabu ikafika kwenye pete, ukanyooka. Wa miguuni nilikata sm 171 moja kwa moja.

Jumanne

Siku ya deki. Sm 2 hazikutosha, tambara lililowanisha pindo lote. Nimefumua na kupandisha hadi sm 4, na kwa mabaki ya kitambaa nimeshona vitanzi viwili vya kufungia mapazia pembeni wakati wa kusafisha. Sm 4 ni bora pia kwa miguu ya Mama. Anaburuza ndara, na sikutaka kitu cha kumkwaa usiku.

Jumamosi ya tano

Nimefua mara ya kwanza. Kuchomoa kulabu, kutoa pazia, kurudisha: dakika chache, na godoro halikutikisika. Nimemulika tochi chini ya chaga upande wa ukutani, pakavu, hakuna doa la ukungu.

Nilipokuwa naanua nguo uani nilisikia kasha likikwaruza sakafu. Nikakimbilia ndani. Mama alikuwa kwenye kigoda, amesogeza pazia kwa ncha ya fimbo yake, kasha limefunguka miguuni pake, na anachambua kanga.

"Nenda kamalizie kamba yako," akaniambia. "Hapa sikuhitaji."