Siku moja maishani mwangu: maabara, Tanga

Saa kumi na mbili na nusu asubuhi. Chai na mahamri, kisha bajaji kutoka Makorora. Nafanya kazi maabara ya hospitali, na majirani wanaamini tunapima malaria na mimba tu.

Saa moja na nusu. Kuwasha mashine na kupitisha sampuli za uhakiki. Hapa hakuna la kusimulia.

Saa mbili na robo. Foleni ya watoto. Bibi mmoja wa upande wa Pangani amempakata mjukuu wa kiume, mwaka na miezi minne.

“Shikamoo bibi.”

“Marahaba mwanangu. Usimuumize.”

Kwenye fomu daktari ameandika: nimonia za kujirudia, masikio yanatoa usaha, FBP (kipimo cha kuhesabu seli za damu), protini jumla, albumini (protini kuu ya damu), mkojo. Nawapenda madaktari wanaoandika historia. Wengine huandika “FBP” wakaishia hapo, nawe ubaki kupiga ramli. Bibi anamsomea Kulhuwallahu, mimi natafuta mshipa. Chupa ya zambarau, kisha nyekundu.

Saa nne. Mashine imeweka alama ya juu kwenye limfosaiti, aina mojawapo ya seli nyeupe za damu: asilimia 61. Mwanafunzi wa mafunzo kwa vitendo anashtuka. Namwambia mashine inamlinganisha na mtu mzima. Kwa umri huu limfosaiti kuzidi nyutrofili, seli nyeupe za aina nyingine, ni kawaida. Wala wingi huo usimtulize. Limfosaiti B, ambazo ndizo chanzo cha kingamwili (protini za kupambana na vijidudu), ni sehemu ndogo tu ya hizo. Zinaweza kukosekana kabisa na FBP isiseme neno.

Saa tano. Protini jumla gramu 52 kwa lita, albumini 39. Toa, inabaki 13. Hesabu ya darasa la tatu, lakini wachache huipiga. Kinachobaki ni globulini, na kingamwili zimo humo, ile iitwayo IgG ikiongoza. Mtoto wa pwani anayeandamwa na malaria na maambukizi ungetarajia globulini zake ziwe juu, zivuke 20 bila shida. Huyu anaugua kila mara na ziko chini! Mkojo hauna protini, kwa hiyo hazivuji kwenye figo. Albumini ni nzuri, basi si rahisi kuisingizia lishe.

Nampigia daktari. Tunakubaliana aina tatu za kingamwili, IgG, IgA na IgM, zikapimwe Dar es Salaam, maana hapa hatuna kipimo hicho.

Saa sita. Bibi ananisogelea. “Niambie kweli, ni yale maradhi?”

Kipimo cha haraka cha VVU kilitoka hasi, ila hicho hutafuta kingamwili, na mtoto asiyezitengeneza angetoka hasi hata akiwa na virusi. Ndiyo maana daktari aliagiza PCR, inayotafuta virusi vyenyewe. Nayo ni hasi, ipo kwenye faili. Bibi anavuta pumzi.

Namuuliza alianza kuugua lini. “Alikuwa bonge la mtoto mpaka anakaa. Tangu miezi saba, hospitali ndiyo kwetu.” Inaelekea. Mtoto huzaliwa na IgG ya mama iliyopita kwenye kondo, nayo hupungua nusu kila wiki tatu hivi; baada ya miezi sita lazima ajitegemee.

Kisha, kama jambo la kupita tu: “Mjomba wake naye, mwanangu mimi, alikwenda kwa kifua hivihivi. Hakufika miaka mitatu.”

Nachukua kalamu. Mwaka 1952 daktari Ogden Bruton wa Marekani alieleza habari za mvulana wa miaka 8 asiye na gamaglobulini, yaani kundi la globulini lenye kingamwili. Baadaye ikajulikana kuwa kasoro iko kwenye jeni BTK ya kromosomu X. Mama huibeba bila kuugua, wavulana ndio huumia. Kutaja ugonjwa si kazi yangu, ila naongeza kwenye fomu: mjomba upande wa mama, alifariki mdogo. Namwomba bibi amwonyeshe daktari kadi ya kliniki kabla ya chanjo nyingine yoyote, kwa kuwa matone ya polio yana virusi hai.

Saa nane. Mbaazi zimepoa. Nazila hivyohivyo.

Saa kumi. Seramu kwenye kisanduku cha barafu, kwa gari la jioni la Dar es Salaam. Juu ya fomu nimeandika umri wake kwa miezi, kwa herufi kubwa, na kuomba majibu yaje na viwango vya watoto wa umri huo.